Kijiko kwa Kijiko

Daktari ameandika kwa mwandiko wa kuku:
sukari, punguza. Siagi, punguza. Ngazi, punguza.
Ngazi hatuna la kuzifanya, tunaishi ghorofa ya nne,
lakini keki ya matufaha
hiyo iko mikononi mwetu.
Mikononi mwangu, leo,
kwa kuwa Kulyash amekatazwa kusimama
na mimi sijawahi kuvunja yai ila kwa bahati mbaya.

Kakaa kitini karibu na dirisha,
blanketi magotini, amri mdomoni.
Nje, Almaty imeamkia theluji ya kwanza milimani,
nyembamba, kama iliyopitishwa kwenye chekeche.
"Usitazame milima," ananiambia. "Tazama mayai."

Matufaha katuletea Zinaida wa ghorofa ya pili,
ya bustani yake kule mtelemkoni, makubwa,
moja lajaza viganja viwili,
jekundu upande uliolala juani,
upande wa pili kijani, halijaamua.
Mawili yatosha. Moja lina tundu la mdudu.
"Mdudu si mjinga," asema Kulyash. "Kata hapo, endelea."

Nimeendesha tramu miaka thelathini na mmoja.
Najua kupinda kona chai ya abiria isimwagike.
Kisu hiki lakini hakina reli.
Vipande vyangu: kimoja kinene kama kabari,
kingine chembamba hata naona kidole changu ng'ambo.
"Viache. Oveni haina macho."

Mayai matatu. Piga.
Piga mpaka yageuke meupe, yafure mara tatu,
mpaka bega likumbuke kila baridi lililowahi kuipata.
Hewa, asema, ndiyo siagi yetu sasa.
Maziwa mgando, nusu bilauri.
Unga uukunje ndani, usiukoroge,
usiiamshe hewa ikatoroka.

Kisha sukari.
Hapo mkono ukasita.
Zamani ilikuwa bilauri nzima, naikumbuka bilauri yenyewe,
ile ya kishikio cha chuma
niliyoiiba kwenye treni ya Semey tulipotoka kuoana.
Leo: vijiko vitatu.
Nikavitia kama mtu anayelipa deni la shemeji,
nikajiandaa kula adhabu na kuiita keki.

Bati nikalipaka mafuta, tone tu, kwa karatasi,
nikalinyunyizia chenga za ngano keki isigande.
Matufaha chini, rojo juu.
Dakika arobaini.
"Ukifungua mlango kabla, itasinyaa,
na mimi nitasinyaa nayo."
Basi tukakaa. Saa ya ukutani ikafanya kazi yake.
Harufu ikapita chini ya mlango, ikashuka ngazi
ambazo sisi tumekatazwa,
na mara Zinaida akabisha hodi: eti kasahau miwani.
Miwani alikuwa ameivaa.

Ikatoka. Imebonyea kidogo katikati,
imekolea zaidi kushoto; oveni yetu ina upendeleo.
Nikaonja. Nikaonja tena.
"Kulyash, ni ileile! Ileile hasa!"
Akacheka hadi akashika kifua,
roho ikanipaa, akanipungia mkono:
si moyo, ni kicheko.

"Tangu mwaka ule mkanda wako ulipohamia tundu la mwisho,
kila msimu wa matufaha natoa nusu kijiko.
Mwaka jana ulikula vitatu na nusu, mzee,
ukaomba uongezwe."

Mimi niliyejua kila kituo,
kila ungio la reli kwa mtikisiko wake kitini,
nilivushwa njia nzima
na sikusikia breki.

Zinaida akachagua pembe iliyokolea.
Kile kipande kinene kama kabari
kilimwangukia Kulyash.
Akakitafuna polepole, akakigeuza kwa uma,
akasema katikati hakijaiva.
Akakimaliza.